Barza ya Sinema: Maswali ya Wasomaji Kuhusu Vituko vya Sinema Bubu

Tangu tulipogusia sinema bubu katika toleo lililopita, yaani vile vichekesho vifupi vilivyopigwa kabla sauti haijaingia kwenye filamu mwishoni mwa miaka ya 1920, barua zimemiminika kutoka Unguja na Pemba. Nyingi ni za watu wanaopiga filamu zao kwa simu na wamekwama mahali. Tumechagua zile zenye tatizo la kushikika.

Assalaam alaykum. Tumepiga filamu ya dakika nne. Mwenzetu anaanguka mara sita kwenye ngazi ya nyumba. Wakati wa kupiga tulicheka mpaka machozi, lakini tulipoionesha barazani watu walikaa kimya, na bibi mmoja akauliza kama kijana ameumia. Kosa liko wapi? (Kundi la vijana, Jang'ombe)

Waalaykum salaam, wanetu. Huyo bibi ndiye mtazamaji bora mliyempata siku ile. Mtu akianguka, anayetazama hushika pumzi, na kicheko hutoka pale anapoiachia, akishaona kwamba aliyeanguka ni mzima. Katika kipande mlichotutumia, kijana anagonga chini na hapo hapo mnakata kwenda kwenye anguko jengine. Hatumwoni akinyanyuka hata mara moja. Bibi alikuwa bado anamngojea ainuke, nyinyi mkamwangusha tena.

Muacheni ainuke mbele ya kamera, ndani ya sekunde moja au mbili, tena kwa heshima zake: aokote kofia, aikung'ute, aivae, atazame kushoto na kulia kama kuna aliyemwona. Buster Keaton, mchekeshaji wa sinema bubu wa Marekani, alijenga jina lake juu ya hilo. Alirushwa-rushwa jukwaani na wazazi wake tangu mtoto mdogo, na mapema akagundua kuwa akiinuka bila kucheka wala kulia watu hucheka zaidi.

Kosa la pili ni kamera kuwa karibu mno. Tunaona magoti, kisha mdomo uliofunguka, kisha mkono. Kituko cha mwili kinataka mwili mzima, toka unyayo hadi utosi, na nafasi ya kutosha juu na chini ili tuone anatoka wapi na anakwenda wapi. Kwa lenzi ya kawaida ya simu iliyolazwa, mtu mmoja aliyesimama anataka kamera iwe umbali wa mita 3 na nusu hivi. Ngazi yenye kimo cha mita 4 inataka mita 6. Kama hamna nafasi ya kurudi nyuma, na nyumba nyingi za mjini hazina, msikimbilie ile lenzi pana ya 0.5. Inavuta pembe za picha, mtu akifika ukingoni anarefuka mithili ya mpira, na akili ya mtazamaji inajua kuna uongo. Badala yake pigeni kwa urefu wa korido au wa uchochoro, si kwa upana wake. Kamera iwe kimo cha kifua, juu ya stendi, na isitikisike. Kamera ikimfuata anayeanguka, anguko linapoteza nusu ya nguvu zake kwa sababu ukuta wa nyuma nao unakimbia.

Tatu, sababu. Kabla hajateleza lazima tuwe tumeshaona kinachomtelezesha: sabuni kwenye kidato, kanzu iliyonasa msumarini, paka. Mtazamaji akijua jambo ambalo mwenye kuteleza halijui, anaanza kucheka kabla ya wakati, na hapo kazi yenu imeshakuwa nyepesi. Na anguko la pili lisiwe ndugu wa la kwanza. Tazameni *One A.M.* ya Charlie Chaplin ya mwaka 1916. Karibu filamu nzima yumo peke yake, mlevi anayejaribu kufika chumbani kwake juu, na kila jaribio la kupanda linamrudisha chini kwa njia nyengine. Maanguko matatu yanatosha, na la tatu livunje kile tulichokwisha kukizoea.

Kuhusu usalama, maana bibi aliuliza kwa haki. Msianguke ngazi nzima. Anzieni kidato cha tatu kutoka chini, hapana zaidi. Ngazi ikiwa na kona, iacheni kona ifanye kazi: anapoteza mizani juu, anapotea nyuma ya ukuta, kinashuka kiatu, inashuka ndoo, kisha yeye anamalizikia chini kwenye shoti nyengine, yaani kipande kilichopigwa peke yake. Anayeanguka abane kidevu kifuani, atoe pumzi nje, atue kwa paja na tako kisha mgongo wa bega. Mikono isitangulie, maana kifundo cha mkono ndicho kinachovunjika. Godoro la sponji la sentimita 10 juu ya saruji halitoshi, mwili unalibana mpaka chini. Wekeni mawili, au moja la sufi lililopigwa vizuri, na mtandike mkeka juu yake ufanane na sakafu.

Kwa nini watu wa filamu za zamani wanakwenda mbio-mbio? Na sisi tukitaka hali hiyo kwenye simu tuongeze kasi kiasi gani? Nikiongeza, picha inakatika-katika. (Msomaji wa Chake Chake)

Kamera zile zilizungushwa kwa mkono. Mzunguko mmoja ulipitisha fremu 8, yaani picha nane moja moja, na kawaida ilikuwa mizunguko miwili kwa sekunde, yaani fremu 16. Sauti ilipokuja, mwendo ukafungwa kwenye fremu 24 kwa sekunde. Filamu iliyopigwa kwa 16 ikioneshwa kwa 24, kila kitu kinakwenda mara moja na nusu. Kwa hiyo sehemu ya mbio mnazoziona ni kosa la nakala, haikuwa nia ya waliopiga.

Lakini sehemu nyengine ilikuwa makusudi. Kwenye kukimbizana, mpiga picha alipunguza mizunguko hadi fremu 12 hivi ili mbio zionekane kali. Walikuwa na mkono wa ajabu watu hawa. Mwaka 1921, katika *The Playhouse*, Keaton anaonekana kama watu tisa kwa pamoja kwenye jukwaa moja. Mpiga picha wake, Elgin Lessley, aliziba lenzi ikabaki sehemu ndogo tu wazi, akapiga, akarudisha filamu nyuma, akafungua sehemu ya pili, na kuendelea hivyo mara tisa, kila mara akizungusha kwa mwendo ule ule. Mkono ungeyumba mara moja tu, kazi yote ingerudiwa.

Sasa simu yako. Picha inakatika kwa sababu umepiga fremu 30 kwa sekunde, ukaongeza mara 1.5 na ukatoa filamu ya fremu 30. Hapo programu inatakiwa kuchukua fremu moja na nusu kila hatua, na nusu fremu haipo, basi inaruka moja, inachukua mbili, inaruka tena. Dawa yake ni kupiga kwa fremu 60. Ukiongeza mara 1.5 na kutoa kwa 30, programu inachukua kila fremu ya tatu, sawasawa, na mwendo unateleza. Ukitaka kutoa kwa 24, tumia mara 1.2 au 1.6, hizo nazo zinagawanyika bila baki. Mara 1.25 iepuke.

Ukipiga ndani kwenye taa za umeme, weka kasi ya shata, yaani muda wa kila fremu kupokea mwanga, kwenye 1/100 ya sekunde. Umeme wetu ni wa hezi 50, na ukiweka 1/120 utaona mistari myeusi ikipanda picha.

Kuna vitu vinavyofichua kasi, na hapo ndipo wengi wanapoumbuka: majani ya mnazi yanayotetemeka nyuma, moshi, maji yanayomiminwa, na wapita njia wasiohusika. Pigia mahali ambapo nyuma ni ukuta. Na usiongeze kasi filamu nzima. Mtu anapofikiri, anapogeuka kutazama, anapogundua, mwache kwenye mwendo wa kawaida.

Mimi ni fundi seremala. Vijana wangu wanataka ukuta uanguke na mtu abaki amesimama kwenye tundu la dirisha, kama alivyofanya Keaton. Nipe vipimo. (Wete)

Fundi, hili ndilo swali lililotupendeza kuliko yote, maana wengi hulitaka tukio na wachache huulizia vipimo.

Keaton alilifanya jambo hili kwa udogo katika *One Week* ya 1920, kisha kwa ukubwa wa kutisha katika *Steamboat Bill, Jr.* ya 1928. Ukuta huo wa pili unakadiriwa kuwa na uzito wa tani mbili, na nafasi kati ya mwili na fremu ya dirisha ilikuwa inchi chache tu. Uzito haukuwa kwa ajili ya fahari. Ukuta mwepesi hupindishwa na upepo njiani na dirisha likahama, mzito huanguka pale pale ulipopangiwa. Wewe huna haja ya kumpa mtu ukuta wa tani. Jenga wa kitambaa, ili ukikosea apate mchubuko, asipate jeneza.

Hesabu yake ndiyo inayowapotosha watu. Ukuta uliofungwa bawaba chini hauteremki wima, unazunguka. Miguu ya mchezaji inapita kwenye tundu mahali pamoja, kichwa mahali pengine juu zaidi. Kwa miguu ni rahisi: akisimama mita 3 kutoka bawaba, sehemu ya ukuta iliyo kimo cha mita 3 ndiyo itakayofika visiginoni kwake. Kwa kichwa, chukua umbali huo uzidishe kwa wenyewe, chukua urefu wa mtu uzidishe kwa wenyewe, jumlisha, kisha tafuta kipeuo cha pili. Mtu wa mita 1.7: 9 kuongeza 2.89 ni 11.89, na kipeuo chake ni 3.45. Basi kichwa kitapita kwenye kimo cha mita 3.45 ya ukuta. Dirisha lianzie mita 2.6 na lishie mita 3.8, yaani urefu wa mita 1.2, na upana usipungue sentimita 90. Hapo, ukishatoa unene wa mwili, unabakiwa na nafasi ya sentimita 20 na kidogo kila upande. Ukuta mzima uwe mita 4.2 au zaidi.

Utashawishika kumsogeza karibu ili ukuta uwe mfupi. Angalia kinachotokea: akisimama mita 1.5, kichwa kinapita kwenye 2.27, na dirisha lazima lianzie 1.1 lishie 2.6. Limeshakuwa mita moja na nusu, sawa na mlango, na mtazamaji haoni tena hatari. Akiwa mbali, dirisha linakuwa dogo na tukio linakuwa kali.

Fremu iwe ya mianzi, iliyofungwa kamba kwa mishazari miwili ili isipinde, juu yake kitambaa cha marekani kilichochorwa matofali. Usikipake rangi nzito chote. Kitambaa kilichozibwa na rangi hushika hewa, ukuta ukaelea na kushuka kwa madaha badala ya kuanguka. Pasua mistari midogo kwenye sehemu zilizochorwa kivuli, hewa ipite, na kasi ongeza mara moja na nusu kama tulivyoeleza juu. Funga kamba mbili kwenye pembe za juu, zishikwe na watu wawili nyuma ya ukuta na ziachiwe kwa hesabu moja. Mmoja akitangulia kuachia, ukuta unazunguka nusu robo na dirisha linakwenda kando. Kwa mazoezi usitumie mtu: simamisha mti wa mita 1.7 wenye msalaba wa sentimita 45 mahali pa mabega. Mti ukipita salama mara tano mfululizo, piga misumari miwili chini kuashiria visigino na ndipo umwite mchezaji. Asitazame juu wala nyuma, akijikunja kidogo tu hesabu yote imeharibika.

Upepo ukizidi, ahirisha. Wakati wa kusi na wa kaskazi fanya asubuhi mapema sana, nyuma ya jengo.

Nafundisha skuli, Mkoani. Wanafunzi wanataka mchezo wa kurushiana pai za malai. Nimewaambia ni israfu. Je, kuna badala yake? (Mwalimu)

Maalim, umewaambia kweli, na tena hawapotezi kitu. Pai yenyewe ni chombo tu. Kinachochekesha ni zamu. Katika *Big Business* ya 1929, Laurel na Hardy, wale wachekeshaji wawili, wanauza miti ya Krismasi mlangoni kwa mtu asiyetaka. Anawakatia mti kwa mkasi, wao wanamharibia mlango, yeye anavunja saa, na mpaka mwisho gari haipo na nyumba haina dirisha. Lakini tazama wanavyofanya: mmoja anapoharibu, mwengine *anasimama anamtazama*. Hazuii. Anangoja mpaka amalize, anatafakari, halafu ndipo anachukua zamu yake. Kusimama kule ndiko kunakovunja mbavu.

Wape wanafunzi wawili, kibaraza kimoja, kofia mbili na ndoo ya maji. Wa kwanza anamrekebishia mwenzake kofia bila kuombwa. Mwenzake anatazama, sekunde mbili nzima, anavua kofia ya wa kwanza na kuiweka kwenye ndoo. Sekunde mbili tena. Kila zamu ipite ile iliyotangulia kidogo tu. Wanafunzi wataharakisha, watoto hawawezi kungoja, basi hesabu kwa sauti nyuma ya kamera, kwani hakuna sauti inayorikodiwa.

Kama siku moja kutakuwa hapana budi na uso wa mtu kupakwa, usitumie povu la kunyolea na usitumie chokaa hata kwa dawa: vyote vinaunguza macho, na chokaa yaweza kupofua. Pika uji wa konfloa, gramu 60 kwa lita moja ya maji, koroga kwanza kwenye maji baridi, uchemke dakika tatu, upoe kabisa, kisha upige kwa mchapo. Ukifikisha gramu 100 unaganda, na badala ya kupasuka usoni unampiga mtu kipande kizima. Wanga wa muhogo haufai, unavutika kama kamasi. Robo lita inatosha uso mmoja, kwenye sahani laini ya karatasi. Keaton aliwahi kueleza kuwa pai zao nazo zilijazwa uji mzito wa unga na maji, malai yalikuwa ya juu tu.

Tumejaribu kile kituko cha mpira wa maji. Kijana anaukanyaga mpira, maji yanaendelea kutoka. Akiuachia, hayaruki usoni, yanadondoka tu. (Bububu)

Kituko hicho huhesabiwa kuwa miongoni mwa vya kwanza kabisa vya sinema. Ndugu Lumière wa Ufaransa walikipiga mwaka 1895 kwa shoti moja isiyofika dakika: mtunza bustani anamwagilia, mvulana anatokea nyuma na kukanyaga mpira, maji yanakatika, mzee anachungulia mdomo wa mpira, mvulana ananyanyua mguu.

Maji yenu yanatoka kwenye tangi la juu ya paa, na tangi la kimo cha mita 5 lina msukumo mdogo, nusu baa tu (baa ni kipimo cha msukumo). Chomekeni mdomo mwembamba mbele, wa tundu la milimita 4 au 5. Na mguu usiachiwe kazi ya kukata maji. Wekeni koki mita moja au mbili kabla ya mdomo wa mpira, nje kidogo ya picha, na mtu wa kuifunga mguu unapotua. Koki ikiwa mbali, ule mpira mrefu unaendelea kumwaga yaliyomo ndani kwa sekunde kadhaa, na mtazamaji anaona mguu hauna kazi. Mvulana aingie kwenye picha kabla maji hayajakatika, si baada. Na mkishamkamata mkorofi mrudisheni mbele ya kamera kupewa adhabu yake, kama alivyofanya mtunza bustani yule, maana kamera haiwezi kumfuata.

Sisi ni dada wawili wa Mji Mkongwe. Tunataka mmoja wetu aonekane anapanda ukuta wa ghorofa, kama Harold Lloyd kwenye ile saa. Mama amekataa tusikaribie paa.

Mama yenu asikilizwe. Lloyd mwenyewe, mchekeshaji anayeonekana ananing'inia kwenye saa ya ghorofa katika *Safety Last!* ya 1923, hakuning'inia juu ya barabara kama mnavyodhani. Kipande cha ukuta na saa vilijengwa juu ya mapaa ya majengo ya kweli mjini Los Angeles, na kamera ikapangwa ili barabara ionekane kule chini na jukwaa lenye magodoro lisionekane. Hata hivyo ilikuwa hatari tosha, na hasa kwake: tangu 1919 hakuwa na kidole gumba wala cha shahada kwenye mkono wa kulia, alivipoteza kwa bomu lililodhaniwa kuwa la mchezo, na alificha kwa glovu.

Nyinyi fanyeni njia ya Segundo de Chomón, mtengeneza filamu wa Hispania, ambaye mwaka 1907 aliwapiga wanasarakasi wake wakiwa wamelala chini, kamera ikiwatazama kutoka juu. Sakafu ndiyo ukuta. Tandikeni shuka lililochorwa madirisha na nyufa. Dari za nyumba za Mji Mkongwe mara nyingi ni ndefu, basi fungeni simu kwenye boriti kwa kamba mbili, moja ya kazi na moja ya akiba. Ikiwa kimo cha mita 3 na nusu mtapata eneo la kiasi cha mita 4 na nusu kwa 2 na nusu.

Wanaofeli hapa hufeli kwa sababu ya tumbo. Mtu aliyelala hujibwaga, na anayepanda ukuta hujitenga nao. Anyanyue nyonga sentimita 10 kutoka sakafuni, abebe uzito kwa vigasha na vidole vya miguu, na kila akinyoosha mkono agandamize mguu wa upande wa pili kana kwamba ndio unaomsukuma. Nguo nayo inasema ukweli: mtandio unalala sakafuni wakati ungetakiwa kuning'inia kuelekea miguuni. Ubaneni kwa pini begani, ncha zake mzifunge uzi mweusi na mtu auvute kutoka upande wa miguu. Akiteleza, avutwe kwa kitambaa kilichowekwa chini ya mapaja, kwa mkupuo mmoja mfupi. Taa iwekwe upande wa kichwani, chini karibu na sakafu, ili kivuli kishuke kama cha jua.

Kanzu nyeupe, ukuta mweupe, mchezaji hajulikani alipo. Tubadilishe nini? (Makunduchi)

Ukuta. Au mvalisheni kizibao cheusi juu ya kanzu. Simu inapogeuza rangi kuwa nyeusi na nyeupe, nyekundu na kijani vinaweza kutoka kijivu kimoja, basi kanga zenu zipigeni picha za majaribio kwanza. Filamu ya zamani haikuona wekundu, midomo myekundu ilitoka myeusi. Mkitaka sura hiyo, punguzeni rangi nyekundu kwenye programu kabla ya kugeuza, ila kwa ngozi zetu msizidishe, sura inazama. Ongezeni mwanga wa uso kwa shuka jeupe la kurudisha jua.

Mimi hupiga fidla ya kidumbak. Nimeombwa kupigia filamu bubu ya dakika nane mbele ya watu. Nifuate kila anguko au niende zangu? (Ng'ambo)

Ustadh, usifuate kila anguko. Jumba la Royal pale Vuga lilipofunguliwa mwaka 1921 filamu zote zilikuwa bubu bado, na sinema za aina hiyo duniani kote zilikwenda na wapiga muziki waliokaa chini ya pazia. Waliokuwa hodari walijua kunyamaza. Mtu anapokaribia kuanguka, kata muziki nusu sekunde kabla. Pigo lije pale mwili unapogusa, au punde tu baada yake. Likitangulia, hata kidogo, kituko kimekufa.

Kidumbak kimekaa vizuri kwa kazi hii kuliko taarabu ya kukaa, ambayo kwa kukimbizana ni nzito. Sanduku, lile besi la kamba, lipe maanguko makubwa tu, matatu au manne kwa filamu nzima. Cherewa (manyanga) zifanye vitu vinavyoviringika. Fidla ishuke kwa kuteleza wakati mtu anateleza, lakini mara moja, ukirudia inakuwa katuni. Mkwasa (vijiti vya kugonganisha) ushike hatua za miguu: mtu hutembea hatua 2 hivi kwa sekunde, kasi ikiongezwa mara moja na nusu zinakuwa 3, nazo ni mapigo 180 kwa dakika. Piga nusu yake, 90, na miguu itajipanga yenyewe.

Kama mtatumia spika, iwe ya waya. Spika isiyo na waya huchelewesha sauti, na pigo la sanduku litafika mtu ameshainuka.

Ganda la ndizi: upande gani uwe chini? (Nungwi)

Upande wa ndani, na juu ya sakafu laini. Kwenye mchanga wenu wa Nungwi halitelezi kitu. Mchezaji asilikanyage kweli: akanyage pembeni yake, arushe mguu juu, kisha alipige teke la kisigino liruke nalo. Tena asiteleze yule tunayemngojea. Katika *The Battle of the Century* ya 1927, Hardy anamtegea Laurel ganda, na anayeteleza ni muuza pai aliyekuwa anapita na sinia lake, na vita vyote vya pai vinaanzia hapo. Nunueni chane nzima. Ganda likikaa juani hunyauka na kuwa jeusi, na kwenye picha isiyo na rangi watu watadhani ni kipande cha mkaa.